Leseni ya Salehe

Taarifa ya kifo cha Bi Zena ilinikuta dukani kwangu Kibiti nikipanga viatu vya mitumba. Iliingia kwenye simu, katika kundi letu la wachezaji wa zamani, na aliyeiandika ni kipa niliyecheza naye Morogoro, mtu mwema asiyejua lolote, ambaye ameoa Ikwiriri na habari kazipata kwa wakwe zake. "Ndugu zangu, mwenzetu Salehe amefiwa na mama yake mzazi huko Mkongo. Maziko kesho baada ya adhuhuri. Tujitahidi tufike." Jumbe za rambirambi zikafuatana mpaka simu ikapata moto mkononi. Mimi ndiye Salehe waliyekuwa wakimlilia. Jina nililopewa na wazazi wangu ni Idi. Bi Zena hakunizaa wala hakunilea, na mara ya mwisho kumtia machoni nilikuwa na miaka ishirini na miwili. Nilizisoma zile rambirambi zote, mojamoja, na sikumsahihisha mtu.

Nimesoma magazetini kumbukumbu za wachezaji wengi wastaafu. Wote walicheza kwa mapenzi, wote walidhulumiwa na viongozi, na wote goti liliwaharibikia wiki ileile waliyokuwa waitwe timu ya taifa. Mimi nilikuwa winga wa kulia kwa misimu kumi na minne, katika timu tisa za madaraja ya chini, kuanzia Ikwiriri mpaka Songea, na sina wa kumlaumu. Goti lililoharibika halikuwa langu. Nitaeleza mwaka mmoja tu, ule wa kwanza. Iliyobaki ilikuwa mabasi, nyumba za wageni na benchi, haina la kumfaa msomaji.

Mwaka ule daraja la Ndundu lilikuwa halijajengwa. Timu ikienda kucheza Muhoro ilikaa juani kungoja kivuko, na mara nyingi tulifika uwanjani tumeshachoka. Timu yetu ya Ikwiriri iliitwa Ufuta Rangers, na wapinzani walitutania kwamba ukitukandamiza kidogo tunatoa mafuta. Mwenye timu alikuwa Mzee Kisoma, mnunuzi wa ufuta na mpunga, ingawa kwenye karatasi aliandikwa mlezi. Kambi ilikuwa kwenye gesti yake ya barabarani: vyumba vinane, vinne vya wachezaji, viwili vya magunia, viwili vya wageni wa kweli ambao walihama baada ya siku moja kwa kelele zetu. Kuta hazikufika juu. Ziliishia chini ya boriti za mikoko, na juu ya boriti palitandikwa mkeka uliotobokatoboka, hivyo neno lililosemwa chumba cha kwanza lilisikika chumba cha nane. Nguo zetu, mashuka yetu, hata uji wetu wa asubuhi vilinuka ufuta. Mpaka leo nikiona magunia ya ufuta navuka barabara.

Winga wa timu hiyo alikuwa Salehe Makunga, kijana wa Mkongo. Katika mechi ya pili ya msimu alikanyaga shimo kwenye kona ya uwanja, goti likavimba likawa kubwa kuliko paja. Usajili ulikuwa umeshafungwa. Mimi nilikuwa nimetoka visiwani deltani, kwa wakata mikoko, na nilikuwa nacheza mechi za kijiji na kijiji kule Nyamisati nilipoonwa na Kocha Ngwali. Alinipeleka kwa Mzee Kisoma bila kunieleza kitu. Mzee alikuwa anakula wali kwa kambale. Alinawa mkono wa kulia, akatoa leseni ya Salehe mfukoni, akaitazama picha, akanitazama mimi, akaitazama tena picha. "Picha hii ukiiangalia vizuri," alimwambia kocha, "ni kijana mweusi mwenye masikio. Na huyu ni kijana mweusi mwenye masikio. Mnataka nini zaidi?" Kocha akacheka. Mimi pia nilicheka, nikakaribishwa kambale.

Kwa wasiojua mpira wa madaraja ya chini, kabla ya mechi refa huwapanga wachezaji mstari, anashika leseni zao, anaita jina, na anayeitwa hupiga hatua moja mbele na kutaja jina la baba yake. Nahodha wa upande wa pili anaitazama picha, anautazama uso. Anayecheza kwa leseni ya mwenziwe tulimwita mamluki. Kila timu ilikuwa na wake, na kila timu ilikasirika pale tu mamluki wa wenziwe alipowafunga. Kwa hiyo nililazimika kumjua Salehe kwa moyo. Nililazwa naye kitanda kimoja, mzungu wa nne, mguu wake mbovu ukiwa juu ya mto pembeni mwa kichwa changu, na mchana wa jua kali, wenzetu wakisinzia, alinifundisha. "Baba yako nani?" "Makunga." "Makunga nani?" "Makunga Athumani." "Umesoma madrasa kwa nani?" Alinifundisha sahihi yake, yenye mkia mrefu ambao mkono wangu ulikataa kwa siku nyingi. Kisha akanifundisha na kitu ambacho hakuna aliyemtuma anifundishe. "Weye unakimbia sana, Idi. Unakimbia kama unafukuzwa. Beki akikujia usimtazame miguu, mtazame kiuno. Miguu inadanganya, kiuno hakiwezi." Nilikwenda uwanjani na maneno hayo nikafunga mabao mawili. Alikuwa mwalimu kuliko kocha, na alinipenda. Nayaandika haya ili ijulikane kwamba sina hata kisingizio cha ugomvi.

Kwa kuwa mtu hawezi kukaa kambini bila shughuli, na kwa kuwa Salehe sasa alikuwa ni mimi, yeye alifanywa mpishi. Alichechemea na fimbo kati ya mafiga na kisima, akitupikia ugali na bamia, na Ijumaa wali wa nazi kwa samaki, na alipika vizuri kwa sababu alilelewa na mama peke yake. Mji mzima ulijua. Mji mzima ulifumba mdomo, maana Ufuta Rangers ilikuwa inashinda. Muuza duka, fundi baiskeli, mwadhini, wote waliniita Salehe bila kupepesa macho, na yeye wakamwita Mpishi. Wakaanza kuona raha kumchokoza. "Mpishi! Jana hukwenda mpirani? Salehe kapiga krosi hiyo, weye huwezi hata kuiota!" Mara ya kwanza alicheka nao. Mara ya pili alicheka kidogo. Siku moja nilikuwa naye sokoni, nimemshikia kapu la nyanya, mwanamke mmoja muuza mihogo akamwambia, "Mpishi, mwangalie mwenzio anavyopendeza na hilo jina." Mimi ndiye niliyecheka. Nilisikia vizuri nafsini mwangu kwamba ninacheka, na sikuacha.

Mwezi wa Julai goti likapoa. Alianza kukimbia asubuhi peke yake kwenye mchanga wa mto, kisha kocha akamruhusu kuingia mazoezini. Siku ya kwanza nilipangwa kumkaba. Alinipita mara tatu. Ya nne nilimshika jezi, akaniburuta, akapiga krosi na mimi nikiwa nimening'inia. Wachezaji walipiga makofi. Alikuwa bora kuliko mimi, jamani, na si kidogo. Jioni ile nilikula ugali nikihisi natafuna mchanga, na ukutani nilimsikia Mzee Kisoma akimwambia kocha katika chumba cha pili, cha magunia: "Mzunguko wa pili arudi mwenyewe. Huyu wa visiwani tumpe nauli, tumshukuru." Kocha akasema, "Mwezi ujao anakuja yule bwana wa Dar es Salaam kutazama winga." Mzee akajibu, "Basi amkute mwenye jina." Salehe alikuwa kitandani, kichwa chake miguuni pangu, na alisikia kama nilivyosikia. Aliniambia polepole, "Usiwe na hofu. Nikenda Dar nitakuita." Alimaanisha. Nilimchukia kwa kumaanisha.

Kabla mzunguko wa kwanza haujaisha tulicheza na timu moja ya Kibiti, nikafunga bao la ushindi, na Wakibiti wakakata rufaa kwamba winga wetu ni mamluki. Kamati ya ligi ikaja Ikwiriri Jumapili asubuhi, watu watatu, wakakaa kwenye ukumbi wa gesti mezani kwa Mzee Kisoma. Wengi wetu hatukuwa na vyeti vya kuzaliwa, hivyo kamati ilikuwa imemwita mama wa mchezaji aje amtambue mwanawe. Mzee alikwisha mwendea Mkongo siku mbili kabla. Alimwambia Bi Zena ni jambo dogo: atanyoosha kidole kwa kijana atakayeonyeshwa, basi, mambo yaishe, na mwanawe arudi kwenye nafasi yake. Salehe mwenyewe alikubali. Alimwamini Mzee, aliniamini mimi, na alijua mama yake anaweza kunyoosha kidole.

Bi Zena alikuja amekaa nyuma ya baiskeli ya mpwa wake, mwanamke mfupi, mkavu, amejifunga kanga mbili, hana mapambo. Mwenyekiti alifungua kikao kwa kusoma kanuni, na alirudia kwa sauti ili kila mtu asikie. Mamluki akikiri mwenyewe, anafungiwa yeye, timu inanyang'anywa pointi, na mwenye leseni hana kosa. Mamluki akikana kisha akaumbuliwa, wanafungiwa wote wawili, maisha. Akaongeza kwamba yeyote atakayethibitishwa leo kuwa Salehe Makunga atapigwa picha mpya hapohapo na itagongwa muhuri, ili mjadala usirudi tena. Nilielewa papo hapo maana ya ule muhuri. Uso utakaogongwa ndio utakaokuwa Salehe siku zote, na bwana wa Dar anakuja mwezi ujao. Nadhani pale mezani ni mimi tu niliyelielewa hilo. Mzee Kisoma alikuwa anafikiria pointi.

Bi Zena akaulizwa mwanawe ni yupi. Akanyoosha kidole kwangu. Ingeishia hapo, lakini mmoja wa wanakamati, mzee wa kofia nyeupe, akafungua mkoba akatoa Msahafu uliofungwa kwa kitambaa cha kijani. "Mama, hatukudhanii vibaya," alisema. "Lakini mpira umejaa uongo, na sisi tutaulizwa. Apa." Mama aliutazama ule Msahafu, akamtazama Mzee Kisoma, ambaye alikuwa anatazama dari. Akasema, "Sishiki Msahafu bila udhu." Mzee Kisoma akashusha pumzi. "Salehe," akaniambia, "mpeleke mama akatawadhe."

Uani palikuwa na pipa la maji na jiwe la kukalia. Nilichota kwa kopo nikammiminia. Aliosha viganja, akasukutua, akaosha uso, taratibu sana, kila kiungo mara tatu, kama mtu anayeomba muda. Jikoni, nyuma ya ukuta wa makuti, Salehe alikuwa anachemsha chai ya kamati, tulisikia vikombe. Mama hakuinua kichwa. "Kijana, jina lako nani?"

"Idi."

"Idi, mama yako yu hai?"

"Yu hai."

"Basi nisikilize. Mie nikikataa kuapa, mwanangu kafungiwa. Umesikia kanuni yao. Weye ukenda ukasema kabla yangu, hana kosa. Walinambia nije kunyoosha kidole, kidole nimenyoosha. Kuapa hawakunambia. Nenda kaseme."

Nilichota maji. Nilikuwa nafikiria nyumbani, tope la mikokoni linalofika mapajani, shoka, maji ya chumvi kwenye vidonda, na nilikuwa nafikiria uwanja wenye majani ambao sijawahi kuuona. Nilikuwa na umri wa kutosha kujua ninachofanya. "Mama," nilisema, "tunangojwa." Akanyanyua kanga kidogo akaleta mguu. Mimi kwa pupa nilimwagia wa kushoto. "Wa kulia kwanza," alisema. Nikamwagia wa kulia.

Tuliporudi ukumbini aliweka mkono juu ya Msahafu na kuapa, kwa sauti ya wazi, akirudia maneno ya yule mzee: Wallahi, billahi, tallahi, huyu ni mwanangu Salehe, nimemzaa mwenyewe, wala sina Salehe mwingine. Salehe alikuwa ameshaingia na sinia ya chai. Alisimama mlangoni mpaka mama alipomaliza, kisha akazunguka meza, akaweka kikombe mbele ya kila mtu, na kimoja mbele ya mama yake. Mama hakumtazama, aliogopa kamati ingemwona. Mwenyekiti alionja akasema, "Mpishi, hii sukari umeisahau." Salehe akatoka kwenda kuleta sukari. Mimi nilipelekwa nje kwenye ukuta uliopakwa chokaa, mpiga picha wa stendi akaniambia niinue kidevu, na alasiri ileile muhuri ukagongwa, nusu kwenye karatasi na nusu kwenye shavu langu. Chai ya Bi Zena ilibaki palepale mezani haijaguswa.

Siku ya pili yake nilikuwa nakula kiporo chumbani nilipomsikia Salehe kwa Mzee Kisoma, chumba cha pili. Aliuliza ni lini atarudi uwanjani. Mzee hakuwa mkali, na hilo ndilo lililoniudhi hata mimi. "Utarudi vipi, mwanangu? Ukijitokeza weye, basi mama yako kaapa uongo kwa Msahafu mbele ya kamati. Unataka kumuumbua mama? Na huko kwingine ukenda kujisajili, Salehe Makunga yupo tayari, ana picha, ana muhuri. Kaa, upike. Unapika vizuri." Salehe alikuja chumbani akakunja shuka lake. Nilimkaribisha kiporo. Alikaa, akala tonge mbili, kwa sababu kwao mtu akikaribishwa hakatai, akasema, "Idi, ulikuwa naye uani. Hukuambiwa kitu?" Nikamjibu, "Hapana." Akanawa, akaenda zake Mkongo kwa miguu. Yule bwana wa Dar alipokuja nilimtazama beki kiuno, kama nilivyofundishwa, na nikachukuliwa.

Miaka miwili baadaye nilikutana na Salehe stendi ya Ikwiriri, basi letu limesimama kula. Alikuwa anauza mpunga. Aliniambia kwamba mama yake alifunga siku tatu za kafara, kisha akaenda kwa mwalimu wa madrasa kumuuliza kama yameisha. Mwalimu alimwambia kafara ni ya kiapo. Ile haki ya mtu iliyopotezwa kwa kiapo haitaisha mpaka aliyeapiwa, yaani mimi, asimame mbele ya watu aseme kweli. Bi Zena akatoka hapo na uamuzi wake mwenyewe, ambao mwalimu hakumwagiza na hakuweza kumtoa. Alisema neno "mwanangu" ameliapia kwa mwingine, kwa hiyo kwa Salehe hatalitumia tena mpaka mwenye kuapiwa alirudishe. Akilitumia atakuwa anacheza na Msahafu mara ya pili. "Ananiita Makunga," Salehe alisema, "jina la baba. Ananipenda, ananipikia, lakini mwanangu haniiti. Siku ile ulimwambia tunangojwa, sivyo? Alinieleza." Dereva akapiga honi. Nilimwambia msimu ukiisha nitakuja, nikapanda basi.

Msimu uliisha mara kumi na mbili baada ya hapo. Dar hawakunihitaji muda mrefu. Nilikaa benchi mwaka na nusu, nikapelekwa Morogoro, kutoka Morogoro Tanga, kisha Mtwara, Tunduru, Dodoma, nikaishia Songea, ambako waliniacha kwa barua yenye makosa mawili katika jina. Sikuwahi kucheza ligi kuu hata dakika moja. Hilo ndilo linalonitia uchungu, na najua si uchungu wa mtu mwema. Nilimpora mtu jina nikaenda kulikalisha benchi. Yeye angelifikisha mahali. Wakati mwingine, nikiwa nimevaa jezi ya akiba na mvua inanyesha, nilijikuta namkasirikia Salehe kwa kuwa alikuwa na kipaji kikubwa kiasi kile, maana kama angekuwa wa kawaida ningekuwa sijaharibu kitu.

Nilipoacha mpira nilirudi Kibiti kama Salehe Makunga, kwa kuwa hakuna karatasi hata moja iliyosema vingine. Nikaoa kwa jina hilo. Wanangu wanaitwa Zuhura Salehe na Athumani Salehe. Kwenye vyeti vya shule, vya kazi, vya hospitali. Miaka miwili iliyopita Bi Zena, ambaye alikuwa ameanza kuugua, alinitumia mpwa wake, yuleyule wa baiskeli, sasa mzee. Ujumbe ulikuwa mfupi: niende Mkongo, niseme mbele ya mwalimu na watu wawili kwamba mimi ni Idi, basi, hataki kingine, hana kinyongo. Zuhura alikuwa anaolewa mwezi ule. Mimi ndiye niliyekuwa nimuoze. Ningewaambia nini wakwe, kwamba baba wa bibi harusi alikuwa mpaka juzi mtu mwingine? Nilisema baada ya harusi. Baada ya harusi nikasema baada ya Ramadhani. Mpwa alikuja mara tatu. Mara ya tatu mke wangu alimwambia sipo, na mimi nilikuwa chumbani nimekaa kitandani, nasikiliza.

Siku ya maziko wenzangu wa kundi la simu walinifuata na gari, wazee saba wenye vitambi, wakanikalisha mbele kama mfiwa. Mkwe wangu, mume wa Zuhura, naye alikuja. Alikuwa ameomba ruhusa kazini kwa ajili ya bibi ambaye hatujawahi kumtajia. Mkongo nilimkuta Salehe barazani, mvi kichwani, goti limerudi kuuma, ana fimbo. Alinivuta pembeni, penye ukuta wa banda la mbuzi. Hakupandisha sauti. "Alikungoja," alisema. "Juzi tangu asubuhi mwalimu alikaa naye, pengine utafika. Alipoona hufiki akanambia, Makunga, nipe maji. Nikampa. Ndiyo mwisho." Nilitaka kusema kitu, akaninyamazisha kwa mkono. "Mwalimu anasema bado inafaa. Ukisema leo mbele ya watu, inamfikia. Na mie nitakuwa nimeitwa." Alikuwa na miaka zaidi ya hamsini. Nilimwambia nitasema makaburini, watu wakishamaliza dua. Wallahi nilikusudia.

Walimzika. Salehe aliacha fimbo yake juu, akashuka kaburini, akampokea mama yake, na wenzangu wakaona hilo wakadhani ni ndugu yangu, mmoja alinishika mkono akasema, "Mdogo wako kakuonea huruma, kashuka badala yako." Dua ikasomwa. Kisha watu wakaanza kutoa mkono wa taazia, na palepale kaburini ikawa mistari miwili. Watu wa Mkongo walikwenda kwa Salehe. Wachezaji saba walikuja kwangu, na mkwe wangu alikuwa amesimama nyuma yangu, kiganja chake begani pangu, na baadhi ya wageni wa Ikwiriri wasiojua walipoona watu wenye nguo nzuri wamepanga foleni kwangu wakaifuata foleni ile. Watu wa Mkongo walitutazama. Mwalimu alinitazama. Nilifungua mdomo mara ya kwanza kipa alipokuwa ananikumbatia, nikaufunga. Niliufungua tena. Mkwe wangu akaninong'oneza, "Jikaze, baba."

Ndipo nilipomwona Salehe ameacha mstari wake. Alikuja kwa fimbo, mchanga wa kaburi ungali magotini, akasimama mwisho wa foleni yangu, akangoja zamu yake kama wengine. Watu wa mbele yake walitoa mikono, wakapita. Mwalimu alikuwa amesogea karibu, na watu wa Mkongo wote nyuma yake. Zamu yake ilipofika alinipa mkono, akanishika kwa nguvu, akanitazama machoni. Nilijua anachonipa. Alikuwa ananipa nafasi niseme neno moja, na kila aliyetakiwa kulisikia alikuwepo.

"Pole, Salehe," alisema. "Pole kwa kufiwa na mama."

Kiganja cha mkwe wangu kilikuwa bado begani.

"Nishapoa," nikasema, na nikautoa mkono wangu mkononi mwake.